Kofia Mahali pa Randa

Nianze na shemeji yangu, maana nikianza na mtu mwingine nitajifanya nina subira ambayo sina. Mume wa mdogo wangu tunamwita Mkurugenzi. Ofisi hana, mfanyakazi hana, hata meza ya kuwekea kalamu hana. Ana viatu vinavyong'aa, simu isiyonyamaza, na maneno ya kumtoa nyoka pangoni. Kila akija kwa mama huwa ametoka kwenye kikao, na kila akiondoka anawahi kikao kingine. Vikao hivyo vinamlisha nani mimi sijui, kwa sababu wanaye anawalisha mama.

Mimi ni fundi wa makochi. Kazi yangu iko kwenye karakana moja ya mabati, ndefu kama behewa, tuko mafundi kadhaa humo, kila mmoja na benchi lake na ukuta wake mfupi wa mbao nyuma ya benchi. Kwenye ukuta huo vifaa vinaning'inia kwenye misumari: misumeno, patasi, keekee, randa. Kufuli lilikuwa moja tu, la mlango wa nje. Ndani humo hatukuwa tunafungiana kitu.

Tulikuwa na utaratibu wetu, ambao sikumbuki nani aliuanzisha. Ukihitaji kifaa cha mwenzako naye hayupo, unakichukua, na kwenye msumari kilipokuwa unatundika kitu chako ambacho kila mtu anakijua. Mwenye kifaa akirudi akakuta aproni ya fulani, basi anajua kifaa kiko kwa fulani na moyo wake umetulia. Hakuna kuulizana. Kitu cha mwenzako kikiwa kinaning'inia pale, ukimfuata ukamwuliza atarudisha lini, ni kama umemwita mwizi mbele za watu. Kuna fundi aliwahi kuuliza swali hilo zamani, akachekwa mpaka akahama.

Baba alifanya kazi humo maisha yake yote. Walimwita Mzee Stuli, kwa kuwa alianza na stuli na hakuona aibu kurudi kwenye stuli kazi zilipopungua. Alipofariki aliniachia benchi, nyundo na kofia yake ya turubai, ukingo wake umeliwa na jasho. Cherehani na mkasi nilikuwa navyo. Sasa kochi watu huliona kitambaa tu, lakini kochi lina mifupa, na mifupa hiyo ni mbao za kupigwa randa, kutobolewa na kubanwa. Vifaa vya kazi hiyo sikuwa na hata kimoja. Nilikuwa nachukua cha huyu na cha yule, natundika kofia ya baba. Wangeweza kuniambia mimi mwanamke niende nikashone mapazia nyumbani. Hawakusema, kwa sababu kofia ile ikining'inia walikuwa wanamwona Mzee Stuli, mtu ambaye hakuwahi kurudisha patasi bila kuinoa. Nilikula kwa kofia ile, nikamsomesha mdogo wangu kwa kofia ile, huyo huyo aliyekuja kuolewa na Mkurugenzi.

Basi siku moja kofia ikapotea. Nikapekua benchi langu, nikapekua nyumbani, nikamsingizia mama kwamba ameifua. Mama akaniambia labda panya. Wakati huo nilikuwa na kazi ya kubadilisha vitambaa vya viti vya ukumbi, sikuhitaji kuazima kitu, nikaacha kuitafuta kwa juhudi.

Siku hizo hizo jirani yangu wa benchi la mwisho, Kobe, alikuwa na kazi ya milango ya shule. Tunamwita Kobe kwa kuwa neno lake moja huchukua nusu saa kutoka, ila likitoka limetoka. Kwake huwa hapaonekani vizuri kutoka kwangu, pamezibwa na rundo la mbao. Nilichokuwa nakisikia ni randa ya mkono, shwaa, shwaa, kutwa nzima, na nikajiuliza ile randa yake ya umeme imekwenda wapi. Nikamtania. Nikamwambia, Kobe, umeme umekukosea nini? Akanitazama, akatabasamu kidogo, akaendelea. Kesho yake nikamtania tena. Nikikumbuka utani ule hadi leo nataka ardhi ipasuke.

Aliyenifumbua macho ni Mama Vanishi, anayepaka rangi milango ya wenzake. Alinishika mkono akanivuta hadi kwenye rundo la mbao, akanionyesha viganja vya Kobe, ambaye alikuwa amekaa anakunywa maji. Vilikuwa vimechubuka vikafungwa vitambaa, na vitambaa vimelowa.

"Mdogo wangu," akaniambia kwa sauti ya chini, "hiyo kazi yako ya randa haiishi tu?"

Nikamwuliza randa gani. Akaelekeza kidevu ukutani. Pale randa ya umeme ya Kobe inapokaaga, ilikuwa inaning'inia kofia ya baba.

Nilisimama nikaitazama. Mzee wa watu alikuwa anapiga randa milango ya shule nzima kwa mkono, anachunwa ngozi, na mimi napita namtania, naye anafikiri nina randa yake na bado nina moyo wa kumcheka. Wala hakuuliza. Kofia ya Mzee Stuli ipo ukutani, atauliza nini?

Mama Vanishi akanieleza kilichotokea. Siku niliyokwenda kununua vitambaa, shemeji yangu alikuja na viatu vyake, akasalimia kila mtu kwa heshima zote, akasema nimemtuma aje kuchukua randa ya Kobe. Kofia ilikuwa kwenye benchi langu. Akaichukua, akaitundika, akaondoka na randa. Kobe alikuwa ametoka. Waliokuwepo wakamsaidia kuipakia, maana ni mtu wa nyumba ya Mzee Stuli, na utaratibu ameufuata.

Niliondoka na vumbi langu la mbao kichwani hadi kwa mama. Nikamkuta Mkurugenzi amekaa kwenye kochi, kochi nililolitengeneza kwa mikono yangu, anachaji simu kwenye mkono wa kochi hilo. Mdogo wangu alikuwa kando anakunja nguo za mtoto. Nikamwuliza randa iko wapi. Hakushtuka hata kidogo. Akasema ameikodisha kwa mkandarasi mmoja, rafiki yake, kazi ikiisha itarudi.

"Shemeji, usipandishe hasira bure," akasema. "Huyo mzee amelalamika? Hajalalamika. Unaona sasa? Huo ndio mtaji wenyewe. Mkwe wangu aliuacha umening'inia ukutani miaka yote, hakujua kuutumia."

Jibu nililipata baadaye njiani, kama ilivyo kawaida ya majibu mazuri: baba aliutumia kila siku, ila kila siku aliurudisha mahali pake. Pale ndani nilichoweza ni kumwambia kwamba Kobe amechubuka mikono. Akasema pole yake, atamletea mafuta ya kupaka. Mafuta ya kupaka!

Mama ndiye aliyenimaliza. Alinivuta hadi jikoni, akaniomba kwa upole kabisa nifunike kombe mwanaharamu apite. Niende karakana niseme randa ninayo mimi, imeungua mkononi mwangu, nipo kwenye kuitengeneza. Kuharibika kunasameheka, mama akasema, lakini wizi utavunja ndoa ya mdogo wako. Mdogo wangu akaja mlangoni na nguo ya mtoto mkononi. Nilimwelewa, na kumwelewa kukaniudhi zaidi.

Tena mama alikuwa na hesabu yake. Ningesema uongo ule, wangeniamini. Wangenipa pole. Kofia ingerudi kwenye kazi yake na mimi kwenye yangu, na Kobe angevumilia hadi mwisho. Ningesema ukweli, basi wangejua kwamba kofia ile mtu yeyote wa nyumba yetu anaweza kuitundika na kuwaibia, na mimi bila kuazima si fundi, ni mwanamke mwenye mkasi. Hayo yote niliyaona nikiwa nimesimama kwenye masufuria ya mama. Halafu nikakumbuka vile vitambaa vilivyolowa.

Nikarudi sebuleni, nikachomoa simu ya Mkurugenzi kwenye waya wake, nikatoka nayo. Nikamsikia ananiita, shemeji, shemeji, kwanza kwa kicheko, kisha bila kicheko. Kunifuata mbio barabarani hakuweza. Mtu wa vikao hakimbii akiwa na soksi.

Karakana nilimweleza Kobe mbele ya wote, kwa sababu kofia ilitundikwa mbele ya wote. Nikasema randa sina, sikuwahi kuwa nayo, ameichukua shemeji yangu kwa jina la baba na kuikodisha. Nikaishusha kofia, nikaitundika simu pale kwa kamba ya kushonea. Kobe alinisikiliza hadi mwisho. Akasema tu, "Nimesikia, binti," akaokota randa yake ya mkono.

Simu ile iliita kutwa. Hatukuipokea. Mama Vanishi, ambaye umbea haujamwacha hata kwa dawa, kila ikiita alikuwa anachungulia kioo na kututangazia: sasa ni Yule wa Jenereta, sasa ni Jamaa wa Mabati, sasa tena Yule wa Jenereta. Mafundi walicheka. Mimi sikucheka, maana kila jina lililoita nililiona lina kofia ya mtu ukutani mahali fulani.

Alikuja jioni ile ile, amevaa tabasamu, akanyoosha mkono kuichukua simu. Kobe hakuinuka.

"Kitu chako kiko hapo," akamwambia. "Lete changu, uchukue chako. Hapa ndivyo tunavyofanya."

Hakuna aliyesogea, hakuna aliyetukana. Mkurugenzi alizungusha macho akitafuta mtu wa kumwelewesha, akakosa. Kesho yake randa ilifika kwenye toroli. Visu vyake vilikuwa vimekatikakatika, huyo mkandarasi alikuwa anapigia mbao kuukuu zenye misumari ndani. Mkurugenzi akafungua simu yake ile kamba, akatushukuru wote kwa uvumilivu kana kwamba anafunga mkutano, akaenda zake huku ameshaiweka sikioni.

Visu vipya nilinunua mimi. Kobe alivipokea, akasema asante.

Ningependa niishie hapo. Lakini siku chache baadaye niliingia karakana nikamkuta Kobe anapigilia sanduku chini ya benchi lake, sanduku zuri, ameliunga pembe kwa ufundi wake wote. Lilipokwisha akalitia kufuli. Hakumwangalia mtu. Wa benchi la pili akatengeneza lake, na wa tatu. Hakuna aliyeninunia. Walinisalimu kama kawaida, walinigawia maji, walinitania kuhusu vumbi la nywele zangu. Lakini ukutani vifaa vilipungua, siku hadi siku, mpaka ikabaki misumari.

Kisha nikapata kazi ya makochi mapya, seti nzima, mifupa na yote. Nilichukua kofia ya baba nikaenda benchi la mwisho. Kobe alikuwepo. Akatoa ufunguo shingoni, akafungua sanduku, akaifuta randa vumbi, akanipa kwa mikono miwili. Viganja vilikuwa vimepona, vimebaki na alama.

"Utarudisha lini, binti?" akaniuliza.

Aliuliza kwa upole. Hakuwa na nia ya kunidhalilisha, na waliosikia hawakucheka wala kugeuka. Nikamjibu kwamba jioni. Kofia nilikuwa nayo mkononi, nikaangalia ukutani kwake, nikaona hata msumari ameung'oa. Nikarudi nayo kwangu. Randa niliirudisha saa tisa, mbao zangu zikiwa nusu hazijaguswa, kwa sababu mtu aliyeulizwa swali lile hasubiri jioni.

Nilipofika nyumbani nilikuta wageni wamekaa kwenye kochi langu. Mkurugenzi alikuwa anawaeleza biashara mpya, mdogo wangu anawamiminia chai. Mama akanifuata hadi uani, akaniona nimenuna. Akaniambia niache roho ngumu, ndoa imesalimika, mambo yamekwisha.

"Randa si imerudi, mwanangu?" akasema.

Nikamwambia ndiyo, mama, randa imerudi. Nikamwomba ufunguo wa kabati lake, nikaifungia kofia ya baba humo, na ufunguo nikautia mfukoni mwangu.