Ulimi wa Kuazima

Kuna watu mtaani walioamini kwamba yule mwanamume hakupata kuwa na jina jingine zaidi ya Rangi. Alipewa jina hilo kwa ajili ya kazi yake. Alikuwa mhudumu wa baa katika hoteli kubwa, na vinywaji vyake vilisimama ndani ya glasi tabaka juu ya tabaka, nyekundu chini, manjano katikati, buluu juu, kila rangi na mipaka yake. Mkewe naye aliitwa Fundi, kwa sababu cherehani yake ilikaa sebuleni na mlio wake ulisikika mpaka barabarani. Nao wenyewe waliitana hivyo hivyo, Rangi na Fundi, hata watoto wakakua, wakahama, wakawaacha wakiitana.

Basi mafua yakamwangusha Rangi. Si yale mafua ya kupenga kamasi na kwenda zako kazini, la, haya yalimlaza kitandani akatetemeka mpaka meno yakagongana. Yalipoondoka yakaondoka na ladha yake. Alitafuna kitunguu kibichi asijue anatafuna nini. Chai, supu, dawa ya kikohozi, kwake vyote vikawa maji ya moto. Daktari alimwambia avute subira, huenda ladha ikarudi na huenda isirudi, jibu ambalo Fundi alisema hata yeye angeweza kulitoa bila kuvaa koti jeupe.

Kazini Rangi hakumwambia mtu. Vinywaji vya zamani mkono wake ulivijua, ukamimina wenyewe, na wateja hawakung'amua kitu. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini wahenga hao hawakuwa na kaunta ya kupoteza. Rangi alikuwa nayo, na ndiyo iliyokuwa fahari yake yote duniani.

Kilichokuja kumuumbua si kifo, ni meneja mpya. Huyo aliingia na suti yake na mawazo yake, akataka hoteli iwe na kinywaji chake yenyewe, kisichopatikana kwingine popote. Kila mhudumu wa baa abuni chake, akilete, yeye meneja akionje. Atakayeshinda atakuwa mkuu wa baa. Atakayeshindwa vibaya asishangae akiondolewa kaunta, maana watu wa kuosha glasi kule nyuma hawatoshi. Rangi alirudi nyumbani, akavua viatu, akakaa kando ya cherehani.

"Fundi," akasema, "niazime ulimi wako."

Fundi akacheka. Akamwambia nguo ya kuazima haisitiri matako, yeye mshonaji ndiye anayelijua hilo kuliko watu wote, sembuse ulimi. Kisha akamtazama mumewe usoni, kicheko kikamkauka. Hakuwahi kumwona Rangi akiomba kitu kwa macho yale. Akazima cherehani, akakubali papo hapo.

Sasa huyu Fundi alikuwa na ugonjwa wa sukari wa miaka. Mwanzoni, alipokatazwa sukari, aliililia chai yake, kweli aliililia kwa machozi. Halafu akazoea. Sukari ikatoka kwenye chai, ikatoka kwenye uji, ikabaki mkebe mmoja kabatini kwa ajili ya wageni. Alizoea mpaka akawa anajisifu kwamba karoti ya kuchemsha kwake ni peremende, na watu wakicheka na yeye anacheka. Wifi yake, dada mkubwa wa Rangi, alisema ugonjwa huo angalau umemfanya Fundi awe mgeni rahisi kumkaribisha.

Kazi ikafanyika jikoni, mchana, siku za zamu ya jioni. Rangi alitandika kitambaa cheupe mezani, akapanga glasi ndefu, akakamua ndimu, akachuja maji ya nanasi mara mbili yasibaki na nyuzi. Sharubati nyekundu aliichemsha mwenyewe kwa komamanga na sukari nyingi. Ramu ilikuwapo, na kichupa cha kileo cha buluu alikishika kwa vidole viwili tu. Alimfundisha mkewe kwamba sukari ndiyo inayotenganisha rangi: kizito hukaa chini, chepesi hukaa juu, na wewe kazi yako ni kumimina polepole juu ya mgongo wa kijiko, usivigombanishe. Haraka haraka haina baraka, alisema, na methali hiyo aliyeitunga lazima alikuwa akimimina kileo cha buluu.

Glasi ilipokorogwa, Fundi alichovya ncha ya kijiko cha chai. Ncha tu, kwa sababu ya ugonjwa wake, na Rangi alimsimamia pale kuhakikisha haizidi ncha. Akafumba macho.

Tamu mno, akasema. Rangi akapunguza sukari kwenye sharubati. Fundi akaonja tena, bado tamu. Akapunguza tena, na safari hii sharubati ikawa nyepesi, nyekundu ikapanda ikaingia kwenye manjano, glasi nzima ikawa rangi ya maji ya mtaroni. Rangi akajitukana, akaimwaga, akaanza upya. Siku nyingine aligundua njia: aliacha sharubati nzito ila kidogo tu, upana wa kidole chembamba chini ya glasi, kisha akazidisha ndimu kwenye nanasi. Bado tamu. Akakamua ndimu nyingine, na nyingine, akimtazama Fundi midomoni kila alipoonja, mpaka mchana mmoja Fundi akafumba macho, akasema, "Hapo. Hapo hapo, usiguse kitu."

Rangi aliweka kijiko chini, akamshika mikono yote miwili. Fundi alikuwa na furaha ambayo hakuijua kabla. Miaka yote hiyo kazi ya mumewe ilikuwa huko hotelini, kwa watu wasiomjua, yeye akiletewa hadithi tu. Leo nusu ya kinywaji hiki ilikuwa yake. Rangi alimfundisha hata yeye kumimina, na Fundi, ambaye mkono wake umezoea uzi na sindano, alimimina buluu juu ya manjano bila kutikisa tone.

Siku ya siku ilipofika alimpigia pasi shati jeupe la mikono mirefu, alilolishona mwenyewe, akampeleka mpaka mlangoni. Mchana kutwa alishona upogo na kufumua. Jioni aliposikia hatua zake alikuwa keshafungua mlango. Rangi alisimama kizingitini, akamtazama.

Wamekipenda, akasema. Fundi akapiga kigelegele mpaka jirani akachungulia dirishani. Akataka kujua meneja alisemaje. Rangi akajibu kwamba meneja alikosa la kusema. Ndiyo, ameteuliwa mkuu wa baa, anaanza mara moja, na sasa amechoka, anataka kulala.

Ikawa kila siku anaondoka na shati jeupe, vifungo vimefungwa mpaka shingoni, na kila siku anarudi mikono ya shati imelowa mpaka viwikoni na kunuka sabuni. Fundi aliuliza. Rangi akasema ni barafu, na mkuu wa baa hana kazi ya kuchagua, hufanya zote. Vidole vyake vilikuwa vimenyauka ncha, vyeupe, vya mtu aliyeshinda ndani ya maji. Hilo nalo Fundi aliliona akalipa jina jingine. Mpenda chongo huita kengeza, na yeye alikuwa amempenda mtu huyu muda mrefu.

Ndipo wifi akaja kutoa pongezi. Wifi huyu alikuwa mwanamke mwenye moyo mzuri na mdomo mbaya. Tangu Fundi aingie katika ukoo ule hakuna sufuria yake iliyopita mbele ya wifi bila kupata dosari: wali umekuwa uji, mchuzi umekuwa bahari, pazia limekuwa fupi, na wewe ni mshonaji. Alikaa, akavua viatu, akatangaza kwamba haondoki mpaka anywe hicho kinywaji kilichompandisha mdogo wake cheo.

Rangi akasema vitu havipo. Fundi akasema vipo vyote, alivitunza. Rangi akasema amechoka, na dada yake akamuuliza tangu lini mkuu wa baa akachoka kumimina glasi moja. Fundi akawanyamazisha wote wawili, akasema atatengeneza yeye. Akaenda jikoni, akakamua, akachuja, akapima kama walivyopima siku ile. Rangi alisimama mlangoni mwa jikoni akimtazama. Rangi zilisimama vizuri kuliko siku zote.

Wifi akaisifu glasi, akasema ni dhambi kuivuruga, kisha akaikoroga kwa mrija, akavuta. Jicho lake moja likajifunga lenyewe. Akameza. Akatoa kitambaa, akajipangusa midomo taratibu.

"Nzuri, wifi," akasema.

Moyo wa Fundi ukashtuka. Wifi angekunja uso, Fundi alishazoea; angetema, Fundi angecheka. Lakini nzuri? Mwanamke huyu hakuwahi kumwambia nzuri, hata siku ya harusi. Akamwomba aendelee kunywa. Wifi akamtazama mdogo wake pale mlangoni, akaiweka glasi mezani kwa uangalifu, akaanza kuuliza habari za watoto.

"Wifi," Fundi akasema, "mimi na wewe hatujawahi kufichana. Niambie."

Wifi akashusha pumzi. "Kali, mama," akasema polepole. "Kali mno. Ni ndimu tupu."

Fundi akachukua kijiko, akachovya, safari hii si ncha, akaonja. Tamu. Ilimjaa kinywani tamu, safi, vilevile alivyoikubali siku ile. Hapo ndipo alipoelewa. Kwa mtu ambaye karoti ni peremende, tone la sharubati ni mzinga wa asali. Kila aliposema tamu mno alikuwa akisema kweli yake, na kila ndimu iliyoongezwa iliongezwa kwa neno lake.

Akamgeukia mumewe. "Ulijua?"

"Nilijua ni kali pale pale kaunta," Rangi akasema.

Akaeleza yote bila kuketi. Wenzake waliisifu glasi ilipowekwa, hata meneja alitabasamu. Kisha akaikoroga kwa mrija, akavuta, akatema ndani ya kitambaa mbele za watu, akauliza kama hicho ni cha kunywa au cha kung'arishia masufuria. Mmoja nyuma akasema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti, na wakacheka. Kaunta akapewa mwingine siku ile ile. Yeye akapelekwa nyuma kuosha glasi, na ndiko anakoshinda mpaka leo. Njiani kurudi nyumbani alikuwa akijiuliza imekuwaje, ndipo akaikumbuka karoti.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Nilifika, ukawa umeshafungua mlango. Nikauona uso wako, nikashindwa." "Ulinipa ulimi uliokuwa nao, Fundi. Mimi ndiye niliyeuomba."

Fundi akalia. Alilia kwa ajili ya kaunta, na kwa ajili ya kile kigelegele, maana hicho ndicho kilichomuuma zaidi: kwamba mumewe alisimama akakisikiliza mpaka mwisho. Alimwambia yeye ndiye aliyemharibia, na Rangi alikataa, naye akasema tena, na Rangi akakataa tena. Wifi alichukua ile glasi, akaimwaga, akaiosha, akaifuta, akaondoka bila kusema neno juu ya mtu yeyote.

Asubuhi Rangi aliamshwa na mlio wa cherehani. Alipotoka chumbani alilikuta shati lake jeupe chini ya sindano. Mikono ilikuwa imekatwa juu ya viwiko, na vile vipande viwili vilikuwa vimekunjwa mezani, kila kimoja na kifungo chake. Fundi alikuwa akimalizia upindo wa mkono wa pili. Alikata uzi kwa meno, akalitandaza shati, akalipiga pasi, akamshikia avae.

"Isilowane tena mikono ya shati," akasema. "Utapata baridi bure."

Rangi akavaa. Akaitazama mikono yake iliyobaki wazi, huu, kisha huu. Halafu akafunga vifungo mpaka cha shingoni, kama alivyozoea alipokuwa kaunta, akaenda kazini.