Mfuto wa Kwanza Bila Baba

Kila siku nikitoka kazini, saa kumi na nusu, nilikuwa namsomea Bi Kulthum barua. Kiswahili na Kurani alisoma mwenyewe, lakini Kiingereza cha kaunsili, halmashauri ya mtaa, kilimchosha. Basi yeye hukaa kwenye kochi na kikombe chake cha chai ya tangawizi, na mimi husimama dirishani penye mwanga, nikasoma.

"Hao wa gesi wanataka nini tena?" aliuliza siku hiyo.

"Wanasema watakuja Jumanne kutazama..."

Neno lililofuata halikuwepo. Herufi zilikuwa zinateleza kwenye karatasi kama chungu waliomwagiwa maji. Zikifika ukingoni zinaanguka, na hazifiki kwenye zulia.

"Mbona umenyamaza? Kutazama nini?"

Niligeukia nje. Basi lilikuwa limesimama kituoni, na pale juu panapoandikwa namba palikuwa peupe. Nyuma yake ukungu ulikuwa unakuja na barabara, taratibu, kama mtu asiye na haraka.

"Mfuto," nilisema.

Bi Kulthum aliweka kikombe nusu mezani nusu hewani. Chai ikamwagika, na hakuna aliyeinuka kufuta.

Mfuto hauna msimu. Huja London kila baada ya miaka miwili, mitatu, na haudumu zaidi ya nusu saa. Kwanza hula maandishi. Kisha huingia majumbani, hata mlango ukifungwa, ukaanza kula watu. Mtu husahau yeye ni nani, akavaa koti lake, akatoka. Ukungu ukiondoka, maandishi hurudi. Watu hawarudi.

Dawa yake ni moja tu, na mtaani kwetu Edmonton sote tunaijua: kutajana. Unamshika mwenzako mikono na kumwambia kwa sauti yeye ni nani kwako. Jina tupu halishiki. Neno usilolimaanisha halishiki pia.

Miaka yote baba ndiye aliyekuwa akimtaja Bi Kulthum. "Wewe mke wangu, uliyenikuta nchi ya watu sina hata sufuria." Bi Kulthum akinitaja mimi, na mimi nikimtaja baba. Watatu tulitosha. Baba tulimzika Ramadhani iliyopita.

Ukutani, upande wa pili, sauti ya jirani yetu Usha ilipanda. Yeye na mumewe ni watu wa Unguja kama baba.

"Rasik! Wewe mume wangu, mkoromaji mkubwa, uliyekuja kunichumbia na viatu vya kuazima! Kaa chini!" Kisha akagonga ukuta kwa ngumi. "Mardhiya! Mmeshatajana huko?"

"Huyo Usha," alisema Bi Kulthum, "anapiga kelele kama muuza samaki wa Darajani, na samaki mwenyewe hali." Alijaribu kucheka. Ukungu ulikuwa umeshaanza kupita chini ya mlango. Akanishika mikono. "Wewe ni Mardhiya, mwanangu. Nimekulea tangu hujang'oka meno ya utoto. Mtu mzima na digrii yako, na bado unaogopa bata."

Nikahisi joto kifuani, kama kila mara. Nilikuwa nimeshikwa.

"Haya, na mimi," alisema.

Nikafungua mdomo. "Wewe ni Bi Kulthum."

Alingoja.

"Wewe ni mke wa baba."

"Baba yupi?"

Sote wawili tuliangalia kiti cha baba karibu na redio. Kilikuwa kitupu. Nilipomgeukia tena, aliniachia mikono na kutabasamu, tabasamu la adabu analowapa wageni.

"Samahani, dada. Nimekaa sana kwenye nyumba ya watu."

Akaenda kulichukua koti lake.

Nilipanda ngazi mbiombio. Chini ya mto wangu kulikuwa na kanga niliyoinunua wiki iliyopita dukani kwa Praful, Ilford. Nilikuwa nimeichagua nusu saa nzima kwa ajili ya maandishi yake, maana yalisema kile ambacho mimi nilishindwa kumwambia Bi Kulthum. Nilikuwa nasubiri siku nitakayopata ujasiri wa kuitandika kitandani kwake na kukimbia.

Nilishuka nayo, nikaikunjua mbele yake. Maua yalikuwapo. Pindo lilikuwapo. Pale penye maneno palikuwa peupe kama pale juu ya lile basi.

"Kanga nzuri," alisema kwa upole. "Ya nani?"

Tayari alikuwa ameshafungua mlango. Nje hapakuwa na barabara wala taa, weupe tu, na ndani ya weupe ule nilisikia nyayo za watu wengi wanaotembea bila kusemezana. Mguu wake mmoja ulivuka kizingiti.

Nikamshika mkono wa koti. Ulimi wangu ulikuwa mzito kama ulivyokuwa siku ile skuli, na nilijua hakuna neno litakaloshika kama siku ile sitaitaja.

"Nilikuwa na miaka tisa," nilisema. "Ulikuja skuli na sahani ya visheti umeifunika kitambaa. Wenzangu wakaniuliza yule nani. Nikasema ni mtu anayetufanyia usafi."

Alisimama. Hakugeuka.

"Ulisikia. Kiingereza hicho ulikijua. Ukaiweka sahani juu ya meza, ukasema asante kwa mwalimu, ukaondoka. Na jioni ulinisuka nywele kama kawaida. Miaka kumi na mitatu hukuniuliza, na mimi kila nikitaka kukuita, naiona ile sahani."

"Visheti," alisema polepole, kama anayetafuta kitu gizani. "Hakuna aliyekula."

"Mimi nilikula. Niliingia chooni nikavila vyote, nikalia."

Akageuka. Macho yake yalikuwa yanahangaika usoni pangu.

"Mimi nani kwako?" aliuliza.

Ukungu ulikuwa umenifika kiunoni. Nilipaza sauti hadi Usha akanyamaza ukutani.

"Wewe ni mama yangu. Hata siku ile ulikuwa mama yangu, niliona haya tu. Ingia ndani ufunge mlango, mama, baridi inaingia."