Kaimu Mtendaji wa Ihanda

Fausta alikaimu utendaji wa kijiji kwa miaka sita. Aliandika mihtasari ya mikutano, akasuluhisha ugomvi wa mipaka ya mashamba ya kahawa, akawaandikia barua za utambulisho wote waliofuatilia vitambulisho vya taifa. Watu wa Ihanda walikwisha kulisahau neno kaimu. Walimwita mtendaji tu.

Kisha halmashauri ikatangaza nafasi. Tangazo lilibandikwa mlangoni mwa ofisi, na aliyelibandika ni yeye mwenyewe. Cheti cha kidato cha nne alikuwa nacho. Mstari uliofuata ulitaka astashahada ya utawala au fani inayofanana nayo. Hiyo hakuwa nayo.

Mwenyekiti wa kijiji, mzee Lusubilo, alikusanya saini za wanakijiji, wakaenda pamoja Vwawa, makao ya halmashauri, kwa afisa utumishi. Afisa yule, mama mpole, aliisoma barua yote. Akasema hana shaka na hata neno moja, ila maombi yasiyo na cheti hayafiki kwenye usaili, na yeye hana mamlaka ya kulibadilisha hilo. Heri angewafokea; Fausta angepata wa kumkasirikia.

Aliyepangiwa Ihanda alikuwa kijana wa miaka ishirini na sita, Dennis, mzaliwa wa Nanyala. Fausta alimkabidhi funguo, mhuri na madaftari, akarudi nyumbani akashika jembe. Kwa wiki tatu hakupita karibu na ofisi. Mumewe, Wiliam, alikwenda naye shambani kila asubuhi. Alipalilia mstari wa pembeni yake, basi.

Wiki ya nne Dennis alimfuata shambani. Ndugu wawili walikuwa wamegombania mfereji wa maji hadi mkutano ukavunjika, naye hakujua aanzie wapi. Fausta alitaka kumwambia akatafute jibu kwenye cheti chake. Badala yake aliweka jembe chini, akamsimulia ugomvi ule tangu enzi za babu zao, akamshauri asianze na ndugu wenyewe, aanze na shangazi yao, Enesi, ambaye wote wawili wanamwogopa.

Dennis aliandika yote. Alipomaliza hakuondoka.

"Mama, nilichosoma mimi wewe umekifanya miaka sita," alisema. "Ukakisomee."

"Nina miaka arobaini na moja, mwanangu."

"Mwisho wa kuajiriwa ni arobaini na tano. Kozi ni miaka miwili. Nimeshapiga hesabu."

Jioni Fausta alimweleza Wiliam, akidhani watacheka pamoja. Wiliam aliuliza chuo kinafunguliwa lini.

Chuoni wanafunzi wenzake walimwita mama na kumchagua kiongozi wa darasa bila kumwuliza. Muhula wa kwanza alifeli kompyuta, akajifungia bafuni akalia. Binti mmoja wa bweni lake, Tumaini, alimkalisha mbele ya kompyuta kila jioni hadi vidole vikazoea, na Fausta naye akamfundisha kuandika muhtasari ambao mwenyekiti hawezi kuukana. Mtihani wa marudio alifaulu.

Aliporudi, aliomba kazi kama mtu mwingine yeyote. Kwenye usaili waliuliza mtendaji afanye nini ndugu wakigombania maji. Alijibu hadi mmoja wa wasaili akaweka kalamu chini ili asikilize.

Barua ya ajira ilimpangia kijiji kimoja huko milimani Ileje, si Ihanda. Aliisoma mara mbili, akilitafuta jina la Ihanda. Wiliam aliichukua, akaisoma naye, akasema mahindi ya Ileje ni mazuri, na kwamba atamfuata wakishavuna kahawa.

Jumatatu Fausta alipofika, watu wanane walikuwa wamekaa kwenye benchi nje ya ofisi. Walizungumza Kindali, lugha ya huko, naye ni Mnyiha asiyeijua. Aliwaomba kwa Kiswahili waseme polepole, akafungua daftari jipya, akauliza ni nani kati yao aliyetoka mbali zaidi, ili aanze naye.