Andiko la Mwandeu

Mahindi ya mbegu yalining'inia juu ya meko, meusi kwa moshi, na nyuma yake, ndani ya mfuko wa mbolea, Ezekiel alikuwa ameficha Andiko la Mwandeu.

Mwandeu hakuna aliyewahi kufika. Ni nchi aliyoitunga binti yake Irene akiwa kitandani, ugonjwa wa selimundu ukimtafuna mifupa: nchi ambayo mito yake hupanda mlima, na wafu hukaa nyuma ya maporomoko wakilalamikia baridi. Andiko ndilo kitabu kitakatifu cha watu wa huko. Irene alilitunga lote, sala na sheria na hata ugomvi wa makuhani, kwenye madaftari aliyoyashona pamoja kwa uzi wa kiroba. Sheria ya kwanza iliamuru lisomwe kwa sauti, tena mbele ya mtu mwenye kazi mikononi, kwa kuwa mungu wa Mwandeu hayaamini masikio yaliyokaa bure. Ezekiel, ambaye siku zote hizo alikuwa akifunga mafungu ya karoti za kuteremsha Morogoro mjini, alijua fika sheria hiyo ilitungwa kwa ajili ya nani. Alicheka siku ile hadi karoti zikamponyoka.

Sasa Irene alikuwa amezikwa, masika yamepita, na leo walikuwa wanaanua tanga. Kwao Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama. Baba hulima, hulisha na hulia, lakini jina la marehemu na vitu vyake hurudi kwa wajomba, nao humteua wa kurithi. Alois, kaka wa mkewe Magdalena, alikuwa amemteua Joyce, mtoto wa darasa la nne, binti wa mdogo wao wa kike anayeishi Mafiga, mjini. Kuanzia leo Joyce ataitwa Irene. Atamwita Ezekiel baba. Atapewa vitenge, rozari na Andiko.

Hilo la mwisho ndilo Ezekiel alilolikataa moyoni. Vitenge wachukue. Jina nalo walichukue, maana limo vinywani mwao, angewazuiaje? Lakini sauti ya mwanawe ilikuwa imebaki kwenye madaftari yale tu. Akiyatoa, mtoto mwingine atakaa mahali pa Irene, na watu watarudi mashambani wakisema yamekwisha. Kwake hayakuwa yamekwisha. Alimchukia yule mtoto, huku akijua hana kosa hata chembe.

Baada ya misa walikusanyika uani. Joyce alivishwa kitenge kilichoburutika chini, akaitwa jina jipya mbele ya ukoo, wanawake wakapiga vigelegele vilivyochanganyika na kilio. Alois akamgeukia Ezekiel.

"Shemeji, vitu vimetimia isipokuwa kile kitabu."

"Sijakiona," Ezekiel alisema, akitazama miguu yake.

Magdalena alimwangalia. "Baba Irene, kakishushe. Napika pale kila siku. Unadhani siuoni mfuko?"

Basi akaenda, uso umemshuka. Hakukiweka pale kwa uzembe. Katika milima ile ukungu huingia hadi ndani ya sanduku, na kila kitu huota kuvu. Kinachopona ni kile kilicho juu ya meko. Alikihifadhi kama baba yake alivyohifadhi mbegu. Alichosahau ni kwamba nyasi za paa la jiko zilikuwa zimechakaa, na mfuko ule aliuacha mdomo wazi, ili moshi uingie vizuri. Mvua yote ya masika ilikuwa imedondokea humo, ikishuka na masizi.

Alilifungua Andiko mbele yao. Kurasa zilikuwa zimegandana, nyeusi, zikiacha rangi vidoleni. Magdalena aliketi chini akalia kama siku ya msiba. Ezekiel hakuweza hata kulia. Alijiona amemzika mwanawe mara ya pili, safari hii kwa mikono yake mwenyewe.

Alois alilipokea akalitazama, asipandishe sauti. "Shemeji, ungesema tu kwamba unataka kubaki nalo. Nani angekukatalia?"

Angemtukana ingekuwa afadhali. Ezekiel alirudi jikoni, akaurudishia mlango.

Punde mlango ulisukumwa. Alikuwa Joyce, amekumbatia madaftari, kitenge chake tayari kina masizi.

"Shikamoo, baba."

Hakuitikia. Mtoto akaketi, akabandua kurasa taratibu kwa ukucha. "Imeandikwa lazima uwe na kazi mkononi," alisema.

Ezekiel alimtazama. Kisha akavuta ungo wa maharage, akaanza kuyapukuchua.

"'Mto wa kwanza ulipofika kileleni,'" Joyce alisoma, "'wenyeji hawakuuliza...' Hapa peusi. Hawakuuliza nini?"

Maneno yale aliyajua. Aliyasikia jioni nyingi, karoti mkononi, mengine mara mbili kwa sababu Irene alipenda kuyarudia. Akinyamaza, yatakwenda naye kaburini. Akiyasema, yatakuwa ya huyu.

"'Hawakuuliza umetoka wapi,'" alisema. "'Waliupa kigoda, wakauambia pumzika.'"

Wakaendelea hivyo, mtoto akisoma panaposomeka, yeye akijaza palipofutika. Mahali pawili au patatu alikosa neno, akasema wazi kwamba amelikosa, na hilo likamchoma kama kisu. Walifika kwenye ukurasa ambao masizi hayakuufikia kabisa. Ulikuwa mweupe.

"Hapa hapakuandikwa?"

"Aliishia hapo."

"Alichoka?"

"Alichoka."

Joyce alipapasa ukurasa ule kwa kiganja. Uani walikuwa wanagawa chakula, na mtu alikuwa akiwaita wote wawili kwa majina. Hakuna aliyeinuka.

"Turudie mwanzo, baba?"

Maharage ya ungoni yalikuwa yamekwisha kupukuchuliwa. Ezekiel aliyamwaga yote kwenye sufuria, akavuta fungu jingine.

"Sogea huku, Irene," alisema. "Hapo unajizibia mwanga."