Mama Mkwe Darasani

Siku mama mkwe wake alipoingia kwenye darasa la ubatizo, Mwalimu alikuwa ameupa mlango mgongo, anaandika ubaoni. Alijua kuna jambo kwa sababu darasa zima lilinyamaza ghafla, na lile lilikuwa darasa la watu wazima wasionyamaza hata wakati wa sala. Akageuka. Bibi, kama wote walivyomwita mama mkwe huyo, alikuwa amesimama mlangoni na Biblia mpya kwapani, bado imo kwenye nailoni ya dukani.

"Hapa ndipo mnapofundisha dini?" aliuliza, utadhani hamjui anayemuuliza.

"Ndipo hapa, Mama. Karibu."

"Nimeshakaribia."

Akapita katikati ya mabenchi, akaketi kwenye la mbele kabisa, ubavuni mwa fundi viatu aliyekuwa akijiandaa kubatizwa ili afunge ndoa. Akakunja mikono kifuani na kumkazia Mwalimu macho kama mkaguzi wa shule.

Mwalimu alifundisha siku ile akiyakwepa macho yake. Bibi hakuwa amekanyaga pale kanisani tangu mazishi ya mwanawe, ambaye ndiye aliyekuwa mume wa Mwalimu. Hata kabla ya hapo kanisa alikuwa akiliita klabu ya kuimba. Na siku ya mazishi ndipo walipokosana kabisa. Bibi alitaka mwanawe azikwe nyumbani, kwenye shamba la ukoo. Mwalimu akashikilia alivyoagizwa na mumewe kitandani, kwamba alazwe kwenye makaburi ya nyuma ya kanisa alimokuwa akiimba kwaya tangu ujana. Mwalimu akashinda. Bibi akamwambia mbele ya waombolezaji, "Ulimchukua akiwa hai, sasa umemchukua akiwa maiti." Tangu hapo salamu zao zilikuwa za kupungiana mkono kwa mbali, kila mtu na njia yake.

Leo amekuja kutafuta nini?

"Kukuchunguza," alisema mwalimu mwenzake wa shule ya Jumapili, mama mmoja waliyempa jina la Redio kwa sababu habari haikulala kwake. Walikuwa wanafuta ubao na kupanga mabenchi. "Bibi yule ana hesabu zake. Mtu hawezi kuchukia kitu maisha yake yote, halafu aamke asubuhi moja kimemwingia moyoni."

"Huenda Mungu amemgusa."

"Amguse tu, lakini wewe funga milango yako."

Mwalimu alicheka, ila maneno yale yalimkaa. Jumamosi zilizofuata Bibi hakukosa. Alifika kabla ya wote, akaondoka baada ya wote, na kila somo alikuwa na swali. Kwa nini Ibrahimu hakumwambia mama wa mtoto anakompeleka? Mke wa Ayubu naye alifiwa na watoto wote, mbona anayesifiwa kwa uvumilivu ni mume peke yake? Wenzake walicheka, fundi viatu akapiga benchi kwa furaha. Mwalimu hakucheka. Kila swali aliliona kama mtego uliotegwa katikati ya njia yake.

Mtego mkubwa ulikuja siku ya somo la mjane wa Naini. Mwalimu alisimulia vizuri, kama alivyozoea: jeneza linatoka mjini, mama analia nyuma yake, Yesu anamwonea huruma, analigusa jeneza, na kijana anaketi na kuanza kusema.

Bibi aliinua mkono. "Huyo mama aliomba nini?"

"Hakuomba kitu, Mama. Yesu alimhurumia tu."

"Hakuomba kitu, akarudishiwa mtoto wake."

"Ndiyo."

"Na aliyeomba mpaka sauti ikamkauka?"

Bati lililia kwa jua juu yao. Mwalimu alifunga Biblia yake. Akasema watalizungumza somo lijalo, akawaruhusu mapema. Alibaki amekaa kwenye kiti chake, uso unamwaka. Sasa alikuwa na hakika: mwanamke huyu amekuja kumvua nguo mbele ya wanafunzi wake.

Alipochungulia dirishani kuhakikisha ameondoka, alimwona Bibi hakuelekea getini. Alikuwa amesimama kwenye makaburi na mzee mchimba makaburi, wananong'ona. Bibi alionyesha kwa kidole kaburi la mwanawe. Mchimbaji akatikisa kichwa. Bibi akaokota fimbo, akaanza kupima ardhi.

Kumbe ndiyo hesabu yenyewe! Anataka kumfukua. Atabatizwa, atakuwa muumini mwenye sauti, ataomba kibali cha kumhamishia mwanawe shambani, na wazee wa kanisa watamkatalia kwa lipi? Mwalimu alitoka mbio, vumbi la chaki bado mikononi.

"Mama! Unafanya nini hapa?"

Mchimbaji alimwona alivyokuja, akakumbuka ana kazi upande wa pili.

"Napima," alisema Bibi bila kuinuka.

"Hutamfukua. Nakwambia mapema, nikiwa hai humtoi hapa."

Bibi alinyanyuka polepole, mkono kiunoni. Alimtazama mkwewe kama anayemwona mtu amevaa shati nje ndani.

"Nimfukue mwanangu? Nimpeleke wapi, ameshalala? Akili zako ziko sawasawa, mwanangu?"

"Sasa unapima nini?"

Bibi alionyesha na fimbo. "Huu upande wa kulia ni wako, kila mtu anajua. Kushoto kuna ukuta. Nilikuwa naangalia hapa miguuni. Mimi ni mfupi, nitaenea. Lakini yule mzee ananiambia tangu mazishi, hapa hawalazwi wasiobatizwa."

Mwalimu alikosa pa kuweka mikono yake. Hasira aliyokuja nayo ilikuwa bado ipo, ila haikuwa na mtu wa kumwangukia.

"Kwa hiyo darasa lote hili ni kwa ajili ya shimo?" aliuliza hatimaye.

"Nilianza kwa ajili ya shimo," alisema Bibi. "Sasa hata sijui."

Jioni ile Mwalimu hakumwambia Redio lolote. Shaka yake ilikuwa imebadilika sura tu. Mtu anayetaka ubatizo ili apate pa kuzikwa, je, mwalimu wake ampitishe? Akimpitisha, amemdanganya Mungu. Akimkataa, anamnyima mama kulala karibu na mtoto wake, na watu watasema amelipiza kisasi. Hata yeye mwenyewe hangeweza kuapa kuwa si kisasi.

Siku ya kuulizwa maswali mbele ya mchungaji, wanafunzi waliingia mmoja mmoja. Kabla zamu ya Bibi haijafika, Mwalimu alimsogelea ukumbini. "Akikuuliza kwa nini unataka kubatizwa, mwambie umempokea Yesu. Basi. Usiongeze."

"Unanifundisha uongo kwenye nyumba ya Mungu wako?"

Wakaingia. Mchungaji alimuuliza alichowauliza wengine, na Bibi akajibu amri na sala bila kukwama. Kisha likaja lile swali.

"Nataka kulala karibu na mwanangu," alisema Bibi. "Huyu anafundisha kwamba kuna kuamka. Kama ni kweli, nataka akiamka anikute hapo."

Mchungaji alivua miwani. "Na unaamini kwamba ni kweli?"

"Siku nyingine naamini. Siku nyingine namshuku."

"Unamshuku nani?"

"Mungu. Nilimwomba kwa lugha zote ninazozijua."

Mchungaji alimgeukia Mwalimu. "Wewe ndiye uliyemfundisha. Yuko tayari?"

Mwalimu aliinuka. "Mchungaji, mimi nimemshuku tangu siku alipoingia," alisema. "Nimemvizia hata dirishani. Lakini hajanidanganya hata mara moja. Mimi ndiye niliyetaka adanganye, hapo nje, sasa hivi."

Wazee wa kanisa walivutana juu ya jambo lile kwa majuma. Mmoja alisema kanisa si wakala wa viwanja. Mchungaji akawaambia yeye huwabatiza wengi kwa sababu ya harusi na hakuna anayepiga kelele. Bibi alibatizwa Jumapili ya mvua, Mwalimu amesimama nyuma yake kama mdhamini. Maji yalipomgusa utosini aliguna kwa sauti, "Ya baridi haya!" na kwaya ikashindwa kuanza wimbo kwa kicheko.

Baada ya ibada, Mwalimu alimkaribisha nyumbani. Bibi hakuwa ameingia nyumba ile tangu msiba. Alipita sebuleni taratibu, akashika viti, mapazia, mlango wa chumba alimofia mwanawe, kisha akaketi kwenye kochi na kuvua viatu. Mwalimu aliporudi na chai alimkuta amelala, anakoroma, miguu juu.

Amekuja kupumzika, au amekuja kukaa? Mwalimu alisimama na kikombe mkononi akijiuliza. Akakiweka mezani, akakifunika na kisahani ili chai isipoe, akaenda kufunga dirisha, baridi ya mvua isimfikie.