Wenye Kravati Wakatwe

Amri ilikuwa fupi: kila mwenye kravati akatwe. Mwaka ule wa 1974 kravati ilikuwa nguo ya mkoloni, na Kalaba, mkata filamu wa televisheni pale Lubumbashi, alikuwa amekwisha kata makarani, walimu, hata bwana harusi mmoja maskini wa Mungu. Filamu za zamani za mgodi zilikuwa zikiunganishwa upya kwa sikukuu ya Chama. Mwenye amri alikuwa Citoyen, yaani Mwananchi, Mumba, mkubwa wa Chama, mtu wa kukuchekea huku akikukanyaga mguu.

Mkebe wa saba wa filamu uliandikwa 1958. Ndani yake mgomo. Mlinzi mmoja kijana, shati wazi kifuani, anampiga mfanyakazi kwa kitako cha bunduki: mdomo, sikio, kisha kisogo, hata baada ya mtu kulegea. Halafu wanamburuta kwa miguu hadi kwenye lori, kichwa kikigonga mawe. Kalaba aliirudisha nyuma mara nne. Aliyepigwa alikuwa baba yake. Aliyepiga alikuwa Mumba.

Kwa miaka kumi na sita mama yake, Agnès, aliamini kwamba mumewe alitoroka na mwanamke kwenda Rhodesia. Mumba mwenyewe ndiye aliyemletea habari hiyo. Mtaa wao mzima, ule wa Kenya wa pale pale Lubumbashi, ulimcheka, na matanga hakuweka, kwa maana nani anamlilia mume mtoro?

Kalaba alishika mkasi. Angekikata kipande kile, kazi na uhai wake vingebaki. Alikuwa na hasira na woga pia, tusimsingizie ushujaa. Akakitazama tena. Kravati hakuna. Basi, akakiacha.

Siku ya sikukuu, malori ya Mumba yalileta ukumbini wazee wa mgodi na wake zao, hata mama Agnès, wapige makofi. Filamu ikaonyeshwa, na kitako cha bunduki kiliposhuka mara ya tatu, mama Agnès alisimama akapiga yowe.

“Ni bwana yangu ule! Mumba, ni weye ulimuua!”

Vijana wa Chama walimburuta Kalaba hadi chumba cha nyuma, wakampiga mateke ya mbavu na ya mdomo. Mumba alimbana mkono wa kulia mezani, akauponda kwa mkebe wa filamu mpaka vidole vikavunjika.

“Nani alikuambia uache ile filme?”

Kalaba alitema jino. “Citoyen, ulisema tukate bantu ba kravati. Weye hauko na kravati mule.”

Wangemmaliza, lakini wazee wa mgodi walikuwa wamejaa mlangoni. Hawakuondoka. Mumba akatorokea dirishani, abakosti yake, lile koti la Chama lisilovaliwa kravati, ikachanika.

Wazee walimbeba Kalaba hadi nyumbani. Mama yake alikuwa amekwisha nyoa nywele, godoro amelitoa uani kwa matanga. Wanawake waliomcheka miaka yote walikuwa wakiingia na kuni na unga, macho chini.

“Ikala hapa, mutoto wangu,” mama alisema. “Baba yako amekufa leo.”

Kalaba akakaa chini kando yake, damu ya mkono ikimtiririka mapajani, wakaanza kulia.