Mkeka Uliokwenda Maonesho

Mwahija wa Kilwa Kivinje alisuka mikeka ya kuuza miaka kumi na minane, na katika yote hiyo mmoja tu hakuutia bei. Huo ndio uliokwenda. Mwenye binti na asikie.

Mkeka wenyewe ulikuwa wa harusi ya mwanawe, Batuli. Kwao mkeka wa bibi harusi haununuliwi. Mtoto wa kike akishafika darasa la tatu au la nne, nyanya yake huanza kumsukia ukili, ule mshipi mwembamba wa ukindu, akapima kwa mikono miwili iliyonyooshwa, pima moja, pima mbili. Shangazi huongeza pima zake, mama huongeza zake, mama mdogo naye zake, kila mmoja kwa mkono wake na rangi yake. Mwishowe kili zote hushonwa pamoja kwa shazia, ile sindano nene, zikawa mkeka mmoja. Siku moja kabla ya nikaha wanawake wa upande wa bwana huja kuukagua. Hupitisha vidole na kuhesabu mikono: huu wa nani, na huu wa nani. Mikono ikiwa mingi, wanajua binti ana watu.

Katika mkeka wa Batuli ilikuwamo mikono mitano. Wa kwanza ni wa Bi Somoe, mama yake Mwahija, pima sita za zambarau na nyeupe, alizozisuka macho yakiwa yanamzimika, akimaliza kwa kupapasa. Mwezi wa Shaabani mwaka uliopita Bi Somoe akafariki. Na nikaha ya Batuli ikapangwa Ijumaa, siku tatu baada ya kufungwa kwa maonesho ya wajasiriamali kule Lindi.

Basi mkeka ulitokaje sandukuni? Ulitolewa na maneno matamu.

"Mama Batuli, hii mikeka yetu ni ya kulalia tu," alisema Justa, mwenyekiti wa kikundi chao cha ususi, mwanamke wa Kikole aliyeolewa Kivinje, mchapakazi asiyejua kunong'ona. "Tukitundika hii peke yake watu watatupita kama tunauza kivuli."

"Ule wa mwanangu si wa kuuza."

"Nani kasema uuze? Unatundikwa, unaangaliwa, unakunjwa. Utarudi hata ubani haujanunuliwa."

Na Frank, kijana wa ofisi ya maendeleo aliyekuwa akiwaandikisha, akaongeza kwa upole kwamba mwaka huo mabanda yangeshindanishwa, na banda bora lingepewa kikombe.

Batuli alikuwa akichambua mchele mlangoni. Hakuinua kichwa. "Mama, uache."

"Utarudi, mwanangu."

"Vitu vikienda Lindi hurudi na vumbi."

"Vumbi linakung'utwa."

Akaufunga kwa kanga, akaondoka nao.

Maonesho yalikuwa ya siku saba. Wenye vyumba vya wageni mjini walikuwa wamepandisha bei mara mbili, kwa hiyo wanawake wanne wa kikundi walilala bandani juu ya mikeka ya kuuza, na asubuhi wakaikung'uta na kuitundika tena. Mwahija hakuwa amelala vizuri tangu siku ya kwanza. Spika zilianza kupiga kelele kabla jua halijapanda na zilinyamaza watu wamechoka kusikia. Magoti yalimuuma kwa kusimama. Watu walipita kwa mamia, wakagusa, wakauliza bei, wakajipiga picha, wakaandika "Hongereni" kwenye kitabu cha wageni na kwenda zao. Siku ya nne walikuwa wameuza misala miwili, ile mikeka midogo ya kuswalia. Mmoja ulinunuliwa na mtawa, akasema ataweka redio yake juu yake.

Nje ya uzio mambo yalikuwa mengine. Mama lishe wa getini alikuwa akimaliza sufuria ya wali kabla ya adhuhuri. Bodaboda hawakupata nafasi ya kuzima pikipiki. Mwenye maturubai, mwenye viti, mwenye spika, mwenye kuchapisha fulana na mabango, wote walikuwa wakicheka. Mtu akiuliza kama maonesho yaliingiza fedha Lindi, jibu ni kwamba yaliingiza, tena nyingi, ila zilifika getini zikapumzika hapo.

"Sisi ni pambo la watu wauze chai," Mwahija alimwambia Justa.

"Oda zitakuja. Maonesho si soko, ni kujitangaza."

"Miguu yangu imeshajitangaza vya kutosha."

Kitu kimoja tu kiliwasimamisha watu pale bandani: mkeka wa Batuli, uliotundikwa katikati kwa kamba. Kila aliyeuliza bei Mwahija alimjibu, "Huu una mwenyewe," na kila mara Justa alimfinya kiunoni.

Siku ya sita alikuja mgeni rasmi. Waliambiwa atafika saa tatu asubuhi, wakasimama mbele ya mabanda na kanga zao za sare. Saa tano walikuwa wamesimama. Adhuhuri ikaadhiniwa wakapokezana kwenda kuswali. Saa nane ngoma zikalia, naye akaja, mtu mzima wa heshima, mkubwa wa huko bara, na nyuma yake mshereheshaji mwenye kipaza sauti, wapiga picha, na watu wa itifaki waliobeba zawadi. Maana kila banda lilimpa kitu. Huyu asali, huyu korosho, wengine walimpa mbuzi. Kikundi cha Justa kilikuwa kimemtengea kawa, kile kifuniko cha chakula, kipya na chenye nakshi. Justa alikishika mkononi tayari.

Mgeni akafika, akasalimia, akamtazama Justa, kisha macho yakampita yakaenda kwenye mkeka. Akasogea. Akaweka kiganja palepale kwenye zambarau na nyeupe za Bi Somoe.

"Mkeka mzuri sana huu, mama. Kwetu kule sijaona kitu kama hiki."

Na Mwahija akasema, "Wako huo, baba. Karibu."

Hakulifikiri neno. Pwani ile mgeni akisifu sahani yako, kanga yako, hata kuku wako anayepita uani, unamwambia ni chako. Naye mgeni hujibu, "Ahsante, Mungu akuzidishie," akakiacha pale kilipo, na nyote mkabaki na heshima zenu. Tangu apate akili Mwahija alikuwa amelisema neno lile mara elfu, na hakijatoka kitu nyumbani kwake. Frank mwenyewe alikwisha kusifu sufuria yake, akaambiwa ni yake, na sufuria ipo mpaka leo.

Lakini mzee yule hakukulia pwani. Kwao mtu akikupa kitu mbele za watu, kukikataa ni kumtukana. Akamshika Mwahija mkono kwa mikono yake miwili, na machoni alikuwa ameguswa kweli.

"Mama, umenipa heshima ambayo sitaisahau."

"Wanakikundi kutoka Kilwa wamemzawadia mgeni wetu rasmi mkeka wa asili," mshereheshaji akatangaza. "Makofi kwao tafadhali."

Makofi yakapigwa. Picha zikapigwa, Mwahija katikati akiwa ameachama. Mikono myepesi ikafungua kamba, ikaukunja mkeka, ikaubeba. Msafara ukahamia banda la wafuga nyuki. Justa alikuwa bado na kawa mkononi. Mwahija naye mkononi alikuwa na kipande cha kamba.

"Umefanya nini?" Justa akauliza, na mara hii alinong'ona.

"Nimemkaribisha mgeni."

Alikaa chini dakika chache, kisha akainuka akawafuata. Nyuma ya jukwaa kuu alimkuta mtu mmoja wa itifaki, shati limemganda kwa jasho, ameegemea gari la mizigo anakula muhogo wa kuchoma. Mkeka aliuona mle garini, umesimamishwa kati ya ndoo za asali.

"Baba, ule mkeka ni wa mwanangu. Anaolewa Ijumaa."

Yule mtu akaacha kutafuna. "Ulichukuliwa, mama, au uliutoa?"

"Nilisema ni wake."

"Si ndiyo umeutoa."

"Kwetu ndivyo tunavyosema. Hatutoi."

Akamtazama kwa huruma ya mtu aliyechoka kama yeye. "Mama yangu, humu nina mbuzi, nina ndoo sita, nina jogoo aliyeninyea shati. Na mzee keshaniambia mkeka huu anautandika ofisini kwake, kila anayeingia auone. Niende nikamwambie yule mama alikuwa anakutania? Mbele ya waandishi?"

Mwahija akafungua mdomo. Akaukumbuka uso wa yule mzee, vile alivyoguswa. Kumwambia mtu kama yule kwamba hakupewa ni kumvua nguo hadharani, na yeye Mwahija hakulelewa hivyo. Adabu ile ile iliyoutoa mkeka ndiyo iliyomzuia kuufuata.

"Basi," akasema. "Usimwambie kitu. Ila asiuweke juani, zambarau inapauka haraka."

Kesho yake banda lao lilipewa kikombe. Justa alikitundika kwenye kamba pale mkeka ulipokuwa, akaona haya, akakitoa.

Mwahija alifika Kivinje Jumatano. Batuli alimpokea mzigo, akaufungua, akapekua hadi chini.

"Uko wapi?"

"Kuna mtu aliusifu."

Batuli alikuwa mtoto wa pale pale. Hakuhitaji kuelezwa zaidi. Alikunja kanga iliyokuwa imeufunga mkeka, akaikunja tena na tena mpaka ikawa ndogo kama kitabu, kisha akaingia chumbani. Mama yake alisimama mlangoni akimsikia halii. Angelia ingekuwa nafuu.

Alhamisi alasiri wakaja wanawake wa upande wa bwana, sita, wakiongozwa na Bi Samia, shangazi yake bwana harusi, mwanamke ambaye watu hupunguza sauti akipita. Njia nzima kutoka Lindi Mwahija alikuwa ametunga uongo: umeibwa, umelowa, umeliwa na panya. Walipokwisha kusalimiana na kunywa maji, Bi Samia akasema, "Haya, mkeka uje tuhesabu mikono." Uongo wote ukamtoroka. Akawaeleza kama ilivyokuwa, kuanzia kikombe cha Frank.

Bi Samia alisikiliza akitazama sakafu. "Akasema mzuri."

"Alisema mzuri, akagusa wa marehemu."

"Nawe ukasema?"

"Nikasema wako huo, baba. Karibu."

Bi Samia akainua macho.

"Ungesema nini tena," alisema Bi Samia. "Hata mimi ningesema hivyo hivyo. Halafu ningekufa pale pale, wapate kazi ya kunizika kwenye maonesho yao."

Mmoja akacheka, wakacheka na wengine, na Mwahija akacheka mpaka machozi yakapata njia. Bi Samia alimwacha alie. Kisha akasema, "Lakini binti hatolewi bila kutandikiwa. Leta ulichonacho."

Alichokuwa nacho ni mikeka iliyokwenda Lindi ikarudi. Akachagua uliokuwa na vumbi kidogo, akautandika. Bi Samia akapiga magoti, akapitisha vidole kutoka upindo hadi upindo, polepole, kama ilivyo ada. Hakurukia mwisho, ingawa wote walijua atakachokikuta.

"Mkono mmoja," akasema. "Wa mama. Haya, tumeuona."

Batuli alikuwa ameingia. Aliinama, akabandua kijikaratasi cha bei kilichokuwa bado pembeni ya mkeka, akakifumbata, akaketi. Nikaha ikafungwa Ijumaa, na mwali hakukosa kitu, isipokuwa mkeka ule.

Miezi miwili baadaye Frank alikuja na furaha. Mzee alikuwa ametandika mkeka ofisini kwake, wageni wameusifu, na sasa ofisi yake inataka kumi, sawasawa na ule.

"Ule mkono wa zambarau na nyeupe, aliyeusuka amekufa," Mwahija alimwambia.

"Sasa niandikeje, mama?"

"Andika oda."

Akaandika. Wakasuka kumi, na baada ya hiyo ikaja nyingine, na Justa akaezeka nyumba yake bati. Hilo halifichwi: maonesho yaliwalipa. Frank alipoeleza mafanikio kwenye vikao alianza na mkeka ule, na kila aliposema "mkeka uliotufungulia njia," Mwahija alitazama dirishani.

Mwaka uliofuata walikwenda tena, spika zile zile, jua lile lile, magoti yameongeza mwaka. Mwahija alibeba mikeka ya bei tu. Akaja mgeni rasmi mwingine, mwanamama, akasimama, akainua kapu dogo la ukili ambalo lingeweza kutolewa bila hasara.

"Zuri sana hili, dada."

Neno likapanda mpaka kwenye meno. Mwahija akalimeza.

"Ahsante," akasema, akanyamaza.

Yule mwanamama akatabasamu, akalirudisha kapu, akaenda zake bila kujua kama alinyimwa kitu. Mwahija alihisi shingo inapata moto, kama mtu aliyemfungia mgeni mlango huku chakula kinanukia. Akatazama huku na huku, asije akawa ameonwa na mtu wa kwao.

Nyumbani, Batuli alikuwa na mtoto wa kike wa miezi miwili. Nyanya yake hakungoja afike darasa la tatu: pima ya kwanza ilikuwa imekwisha kusukwa. Ilikuwa chini kabisa ya sanduku, imefungwa ndani ya mto, na Justa mwenyewe alikuwa hajaonyeshwa.